Sevu za Watoto Wetu: Historia ya Kuhifadhi na Kuhamisha Data za Gemu



Leo tumeonelea tuzungumzie jambo ambalo wengi wetu hulipita tukiliona la kitoto. Nalo ni "sevu" za gemu, yaani ile kumbukumbu inayobaki ndani ya mashine au katika memori kadi, inayoonyesha mtoto alifika wapi, timu yake ina wachezaji gani na amefungua hatua ngapi. Suala la gemu gani zinafaa kuingia nyumba ya Muislamu na zipi hazifai ni somo lake peke yake, hatutaligusa leo. Tunachotaka ni historia ya kitu kimoja tu: mtoto aliyecheza miezi sita, akitaka kuhamisha kazi yake kutoka mashine moja kwenda nyingine, aliibeba kwa kitu gani, na ni nani aliyemruhusu au kumzuia.

Mzazi asidhani swali hili ni dogo. Nyumba nyingi zina mashine moja na watoto watatu au wanne. Mmoja akifuta sevu ya nduguye ili apate nafasi ya kuweka yake, kilio kinachofuata si cha mchezo, ni cha mtu aliyedhulumiwa kazi ya mikono yake. Mashine ikiuzwa au ikipelekwa kwa binamu wa mji mwingine, ndani yake kuna jina la mtoto na kazi ya miaka. Hii ni amana. Na tukiitazama historia yake tunaona kwamba amana hii imezunguka: mwanzo haikuwa na pa kukaa, kisha ikakaa ndani ya gemu yenyewe, kisha ikatoka ikaingia mfukoni mwa mtoto, na katika miaka ya karibuni, kwa sehemu kubwa, imetoka mfukoni ikaenda kwa kampuni.

Kalamu, karatasi na betri ndogo

Mashine za nyumbani za miaka ya 1970 hazikukumbuka kitu. Ukizima umeme, kila kitu kimekwenda. Japani, kampuni ya Nintendo ilipotoa mashine yake ya Famicom mwaka 1983, hali ilikuwa bado hiyo hiyo. Mwaka uliofuata ikaja njia ya kwanza ya kutoa data nje ya mashine hiyo: kinasa sauti cha kaseti, zile zile kaseti za mkanda ambazo sisi tulisikilizia mawaidha. Gemu ya pikipiki iitwayo Excitebike, ya mwaka 1984, ilimruhusu mtoto kujenga njia yake ya mashindano na kuirekodi kwenye kaseti kama mlio. Gemu hiyo ilipopelekwa Marekani, kinasa sauti hakikupelekwa. Vitufe vya kuhifadhi na kufungua vilibaki kwenye skrini, lakini kitabu cha maelezo kilisema havifanyi kazi. Basi mtoto wa Marekani alijenga njia yake, akazima, ikapotea. Hapa tunaona mapema kabisa kwamba kuhifadhi ni uamuzi wa mwenye kuuza, wala si uwezo wa mashine peke yake.

Njia iliyoenea zaidi ilikuwa neno la siri. Gemu ilikupa mfuatano wa herufi, wewe ukauandika kwenye daftari, na kesho ukauingiza tena. Metroid, katika toleo lake la Marekani la mwaka 1987, ilikuwa na herufi 24. Dragon Quest II, iliyotoka Japani mwaka huo huo, ilifika hadi herufi 52 za Kijapani, na ukikosea moja tu mlango haufunguki. Neno letu "hifadhi" linatokana na asili moja na "hafidhi", yule aliyeibeba Qur'ani kifuani. Watoto wa zama hizo nao walihifadhi kweli kweli, ingawa walichokihifadhi ni herufi zisizo na maana. Lakini tuseme haki: njia hii ilikuwa nyepesi kuliko zote kuhamisha. Uliweza kumtajia rafiki yako herufi kwa simu, naye akaanza pale ulipofika wewe. Hakuna kampuni iliyoweza kuzuia karatasi.

Mwaka 1986 Nintendo ilileta kifaa cha diski huko Japani, na gemu ya The Legend of Zelda ilihifadhi maendeleo ya mchezaji kwenye diski yenyewe. Marekani kifaa hicho hakikufika, kwa hiyo Zelda ya huko, ya mwaka 1987, ilitoka katika katriji (ambayo watoto wengi wa kwetu waliita kaseti pia) yenye chipu ya kumbukumbu na betri ndogo bapa ndani yake. Chipu hiyo husahau kila kitu ikikosa umeme, na kazi ya betri ni kuilisha umeme kidogo sana mashine inapokuwa imezimwa. Kulikuwa na nafasi tatu za wachezaji, yaani ndugu watatu kila mmoja na yake. Wachezaji waliambiwa wakitaka kuzima washikilie kitufe cha RESET kwanza, ndipo wazime. Sababu ni kwamba wakati umeme unakatika, mashine huweza kupayuka kwa sehemu ndogo ya sekunde na kuandika upuuzi juu ya sevu. Kushikilia RESET kuliifunga mdomo.

Sevu ya betri ilikuwa na kasoro mbili. Ya kwanza, haikutoka nje: ukitaka kumpa rafiki yako sevu, unampa katriji nzima. Ya pili, betri hufa. Pokémon Gold na Silver, zilizotoka Japani mwaka 1999, zilikuwa na saa ndani inayoendeshwa na betri ile ile, kwa hiyo betri zake zilichoka mapema kuliko za gemu nyingine. Na fundi akiitoa betri ili aweke mpya, sevu inaondoka nayo, ila ikiwa imekwisha nakiliwa kwenye kompyuta kwa kifaa maalumu. Ndugu msomaji mwenye katriji za zamani kabatini, hili ulijue kabla ya kumpa fundi.

Memori kadi mfukoni

Mwaka 1990 kampuni ya Kijapani ya SNK ilitoa mfumo wa Neo Geo, wenye mashine ya nyumbani na mashine kubwa ya sarafu ya kumbi za michezo. Zote mbili zilikuwa na tundu la kadi moja. Kijana aliweza kuhifadhi mchezo wake ukumbini, akaweka kadi mfukoni na kuendelea nyumbani. Mashine ya nyumbani ilikuwa ghali mno, kwa hiyo wachache waliionja, lakini fikra ilikuwa imezaliwa.

Aliyeieneza ni Sony. PlayStation ilianza kuuzwa Japani Disemba 1994, na kwa kuwa gemu zake zilikuwa kwenye sidii, ambayo mashine haiwezi kuiandika, sevu ililazimika kukaa pengine. Memori kadi yake ilikuwa na kilobaiti 128, zilizogawanywa vyumba 15. Gemu moja ilichukua chumba kimoja, nyingine viwili, vitatu au zaidi. Kadi haikuhitaji betri, kwa maana ilitumia kumbukumbu ya aina ya flashi ambayo haisahau ikikosa umeme. Washindani hawakufanya vizuri hivyo. Sega Saturn, ya mwaka huo huo wa 1994, ilikuwa na kumbukumbu ya ndani inayotegemea betri, na betri ikifa vyote hufutika. Nintendo 64 ya mwaka 1996 ilikuwa na kadi ya kuchomeka kwenye pedi, nayo pia ilikuwa ya betri.

Ugomvi wa vyumba 15 kila aliyekulia zama hizo anaujua. Kadi ikijaa, lazima kitu kifutwe, na mwenye nguvu ndiye aliyeamua cha nani. Wazazi wenye busara waliona kwamba dawa si hotuba, bali kadi ya pili yenye jina la mtoto kwenye karatasi iliyobandikwa.

Uchache wa nafasi ulileta jambo jingine ambalo mama zetu walilikuta bila kujua chanzo chake. Gemu nyingi hazikuhifadhi popote ulipo, bali mahali maalumu tu, kwa sababu kuandika kila kitu kilichoko kwenye uwanja wa mchezo kungemaliza kadi. Kuandika "yuko chumba fulani, ana vitu hivi" kulitosha nambari chache. Ndiyo maana adhana ya Magharibi ikilia na mtoto akaambiwa azime, alijibu "nisubiri kidogo nifike pa kusevu". Mara nyingine alikuwa anasema kweli na mara nyingine hakuwa. Mashine za baadaye ziliondoa udhuru huo: tangu Xbox One ya mwaka 2013, na PlayStation 4 baada ya programu yake mpya ya mwaka 2015, mtoto anaweza kuilaza mashine katikati ya mchezo na kuukuta pale pale akirudi kutoka msikitini.

PlayStation 2 ilitoka Machi 2000, na kadi yake ilikuwa ya megabaiti 8. Mashine hii, iliyouzwa zaidi ya milioni 150 duniani, ndiyo iliyokaa zaidi katika miji yetu ya Afrika Mashariki, majumbani na katika vibanda vya gemu ambako kijana hulipia mechi moja moja ya mpira. Hapo memori kadi ilipata maisha ambayo hata waliyoitengeneza hawakuyapanga. Kijana alikuja na kadi yake mfukoni, akaichomeka, akacheza na timu yake aliyoijenga mwenyewe, kisha akaichomoa akaondoka nayo. Mashine ni ya mwenye kibanda, sevu ni ya kijana, na wala hakuna aliyehitaji kueleza mpaka huo uko wapi.

Tuchukue mfano wa Pro Evolution Soccer ya kampuni ya Konami. Konami haikuwa na leseni ya timu nyingi za Uingereza, hivyo Liverpool iliitwa "Merseyside Red" na Chelsea ikaitwa "London FC". Lakini gemu iliruhusu mtu kubadilisha majina na jezi, na mabadiliko hayo yaliandikwa katika sevu maalumu. Mtu mmoja mwenye subira alikaa siku nyingi akirekebisha timu zote, na wengine wote wakanakili kutoka kwake. Kunakili kwenyewe kulikuwa rahisi. Mashine ina matundu mawili ya kadi. Unaiwasha bila diski, unaingia katika ukurasa wa kadi, unachagua sevu katika kadi ya kwanza na kuiamuru iende ya pili. Dakika mbili. Kazi ya wiki tatu ya mtu mmoja ikaenea mtaa mzima kwa njia hiyo, bila intaneti, na kila aliyenakili akawa chanzo kwa mwingine.

Onyo la kutochomoa kadi wakati wa kuandika watoto wengi walilipuuza mpaka likawafika. Ndani ya kadi kuna mambo mawili: sevu zenyewe, na orodha inayosema kila sevu iko wapi. Flashi haiandiki juu ya maandishi ya zamani, bali hufuta kwanza sehemu nzima ndipo iandike upya. Kadi ikichomolewa, au stima ikipotea (na kwetu stima hupotea), baada ya kufuta na kabla ya kuandika, orodha hubaki nusu. Hapo sevu zilizokuwa salama nazo huonekana zimeharibika. Kadi za bei rahisi zilizoandikwa megabaiti 32 au 64 zilisifika vibaya kwa hili.

Mlango unaanza kufungwa

Mwaka 2001 Microsoft iliingia na Xbox yenye hadi diski ya gigabaiti 8 ndani. Nafasi haikuwa tatizo tena. Lakini kitu kilibadilika kimya kimya: sevu sasa makazi yake yalikuwa ndani ya mashine, na kuitoa nje kukawa safari badala ya kuwa kawaida.

Kisha likaja tukio lililowafanya wenye kampuni waziangalie sevu kwa jicho jingine. Mwaka 2003 wajuzi wa programu waligundua kwamba gemu fulani za Xbox, mojawapo ya James Bond, husoma sevu bila kuipekua vizuri. Wakatengeneza sevu ya hila, wakaiingiza kutoka kwenye kadi, na gemu ilipoifungua mashine ikaendesha programu isiyoidhinishwa. Mwaka 2008 likarudiwa kwenye Wii ya Nintendo. Katika gemu ya Zelda ya Twilight Princess mchezaji humpa farasi wake jina. Wajuzi walitengeneza sevu yenye jina la farasi refu kupita kiasi, wakaiweka kwenye kadi ya SD, na jina hilo likafurika nje ya nafasi yake kwenye kumbukumbu na kuiteka mashine. Jina la farasi tu! Nintendo ilitoa programu mpya ya kuitafuta sevu hiyo na kuifuta, na wale wajuzi wakatafuta upenyo mwingine.

Kwa hiyo kampuni zina hoja, na insafu inatutaka tuikubali. Sevu ni faili inayoingia kutoka nje, na kila kinachoingia kutoka nje chaweza kubeba hila. Wako pia waliogeuza sevu ili wapate ushindi wa uongo dhidi ya watoto wengine mtandaoni. Lakini waliobanwa ni wengi kuliko waliokosa. Kwenye Wii hiyo hiyo, sevu za gemu kama Mario Kart Wii zilikataa kunakiliwa kwenye kadi ya SD, na kwenye PlayStation 3 ya mwaka 2006 baadhi ya sevu zilikubali kwenda kwenye flashi na nyingine zikakataa kabisa. Mzazi aliyenunua mashine ya pili baada ya ya kwanza kufa alikuta nusu ya kazi ya mtoto imehama na nusu imezikwa.

Xbox 360 nayo ina kisa chake. Kadi zake rasmi zilianza na megabaiti 64. Kampuni ya Datel ya Uingereza ikatengeneza kadi yake yenye nafasi kubwa zaidi ya mara nyingi. Mwaka 2009 Microsoft ilitoa programu mpya iliyozikataa kadi zisizo zake, na Datel ikaenda mahakamani Marekani mwaka huo huo. Miezi michache baadaye, Aprili 2010, Microsoft yenyewe ilifungua mlango wa flashi za kawaida za USB, hadi gigabaiti 16 kwa kila moja. Maoni yetu ni kwamba hili lingewezekana tangu siku ya kwanza, kwa sababu tundu la USB lilikuwepo tangu mwaka 2005.

Machi 2011 Sony ilianza kuhifadhi sevu za PlayStation 3 kwenye mtandao wake kwa wanaolipa ada. Mwezi uliofuata, tarehe 20 Aprili, mtandao huo ulifungwa baada ya kuvamiwa, ukakaa zaidi ya wiki tatu, na taarifa za akaunti takriban milioni 77 zikawa hatarini. Aliyekuwa na nakala kwenye flashi aliendelea na mchezo wake. Aliyeitegemea hifadhi ya mtandaoni peke yake alisubiri.

Hifadhi hiyo ya mtandaoni, inayoitwa "wingu", ina manufaa makubwa, hatukatai: mashine ikiibiwa sevu inabaki. Lakini tazama mwelekeo. PlayStation 4 ya mwaka 2013 iliruhusu vyote viwili, mtandao na flashi. Nintendo Switch ya mwaka 2017 iliweka sevu ndani ya mashine, na kadi ya kuchomeka ikabeba gemu tu. Wazazi wengi hukosea hapa: huchomoa kadi wakidhani wamebeba kila kitu, kumbe gemu ndiyo inayoweza kupakuliwa tena, na sevu, ambayo haina mbadala, imebaki kwenye mashine. Mwaka 2020, watu walipokuwa wamefungiwa majumbani kwa korona, Animal Crossing: New Horizons ilitoka bila hifadhi ya kawaida ya mtandaoni, njia ya kurejesha kisiwa kilichopotea iliwekwa Julai, na kifaa cha kukihamishia kwenye mashine nyingine kikaja Novemba. Na mwezi huo huo wa Novemba ikaja PlayStation 5. Humo sevu za gemu za PlayStation 4 ziliweza kunakiliwa kwenye flashi, ila za gemu za PlayStation 5 zenyewe hazikuruhusiwa. Zilihama kwa mtandao, kutoka mashine hadi mashine, au kwa hifadhi ya kulipia.

Kwa familia zetu zenye intaneti ya kununua kwa megabaiti, na mashine zinazofika kutoka kwa jamaa wa Ughaibuni zikiwa zimetumika, hili lina uzito wake. Anayeuza au kugawa mashine na aanze kwa kuitoa sevu, kisha aifungue kwenye mashine nyingine ahakikishe inasomeka, kisha aitoe akaunti ya mtoto, na mwisho aifute mashine yote. Utaratibu huu ukigeuzwa, cha kwanza kupotea ndicho kisichorudi. Naye anayepokea mashine akakuta ndani yake jina na sevu za mtoto asiyemjua, amuulize aliyemletea kabla ya kufuta.

Memori kadi za PlayStation za miaka ya 1990 bado husomeka kwa wasomaji wa USB wanaouzwa mtandaoni kwa bei ndogo. Kadi nzima, vyumba vyote 15 na orodha yake, hutoka kama faili la kilobaiti 128, dogo kuliko picha moja ya simu. Kijana wa kibanda cha gemu ambaye leo ni baba anaweza kulituma kwa nduguye aliye Muscat au Toronto kama anavyotuma salamu, na ndani yake kuna timu ile ile, na jina lile lile aliloliandika akiwa na miaka kumi na mbili.